Furushi Lenye Nywila: Namna ya Kuyashughulikia kwa Usalama Mafaili Yaliyofungwa Yanayopakuliwa Kutoka Katika Intaneti

1.0 Utangulizi

Makala haya yanakusudia kueleza jambo ambalo kwa mtazamo wa kwanza halionekani kuwa la wanaisimu. Jambo lenyewe ni namna ya kuyashughulikia kwa usalama mafaili yaliyofungashwa pamoja na kufungwa kwa nywila, ambayo mtafiti huyapakua kutoka katika intaneti. Tumeamua kulileta katika jarida la idara ya Kiswahili kwa sababu data ya mwanaisimu wa leo haipo tena katika kadi za karatasi zilizopangwa katika visanduku. Rekodi za sauti, unukuzi, orodha za msamiati na kongoo zote ni mafaili. Atakayeyaharibu mafaili hayo ameuharibu utafiti wenyewe.

Hebu tuchukue mfano wa mtafiti wa shahada ya uzamili anayefanya kazi Igwachanya, makao makuu ya Wilaya ya Wanging'ombe katika Mkoa wa Njombe. Wilaya hiyo na mkoa huo vilianzishwa mwaka 2012. Eneo hilo ni la wasemaji wa Kibena, lugha iliyopewa alama ya G63 katika uainishaji wa Guthrie. Mtafiti wetu yuko zaidi ya kilomita 600 kutoka maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Anatumia kompyuta ndogo moja, na intaneti anaipata kwa bando la simu. Ndani ya kompyuta hiyo mna rekodi za masimulizi ya wazee, ambao baadhi yao huenda wasiwepo atakaporudi mwaka ujao. Siku moja anakutana na faili liitwalo, tuseme, 'Kamusi ya Kibena kamili', lenye ujazo mdogo kuliko inavyotarajiwa kwa kamusi kamili. Faili limefungwa kwa nywila, na nywila yenyewe imeandikwa kando yake. Afanye nini?

Swali hili halijibiwi kwa kusema tu kwamba asilifungue. Yapo mafaili yaliyofungwa kwa nywila kwa sababu njema kabisa, na mtafiti atakayeyakwepa yote atajinyima mengi. Kinachotakiwa ni kuelewa furushi ni kitu gani, nywila inamficha nani, na jina la faili linasema nini.

2.0 Kuhusu istilahi

Katika mazungumzo ya kila siku watumiaji wa kompyuta husema 'faili la zipu', na vitenzi 'kuzipu' na 'kuanzipu' vimekwisha kuzoeleka hata katika maduka ya steshenari ya Makambako na Njombe. Hatuna ugomvi na maneno hayo. Hata hivyo, yanataja aina moja tu ya ufungashaji, ilhali zipo nyingine, kama vile RAR na 7z.

Baadhi ya wafasiri wamependekeza 'kumbukumbu' au 'nyaraka', kwa kufuata maana ya idara zinazohifadhi hati za kale. Kwa maoni yetu tafsiri hiyo inapotosha. Faili tunalolizungumzia si mahali pa kuhifadhia hati kwa vizazi vijavyo. Ni vitu kadhaa vilivyokusanywa, vikabanwa ili vipungue ujazo, vikafungwa pamoja ili visafirishwe kwa urahisi. Kiswahili kina neno la kitu cha namna hiyo tangu zamani, nalo ni 'furushi'. Katika makala haya, basi, tutasema 'furushi', na tendo lake litakuwa 'kufungasha' na 'kufungua'. Kwa neno la siri tutatumia 'nywila', ingawa wapo wanaosema 'nenosiri', na mitaani wengi husema 'paswedi'. Tendo la kuyageuza maandishi yasisomeke bila nywila tutaliita 'usimbaji'.

3.0 Furushi lilivyo

Umbo la zipu lilibuniwa na Mmarekani Phil Katz, aliyelitangaza mwaka 1989 kupitia kampuni yake ya PKWARE. RAR ilifuata mwaka 1993, ikiwa kazi ya Mrusi Eugene Roshal, na mwaka 1999 Mrusi mwingine, Igor Pavlov, alitoa programu ya bure ya 7-Zip yenye umbo lake la 7z. Wasomaji wengi hawajui kwamba wanatumia zipu kila siku bila kuiona. Faili la DOCX ambalo mwanafunzi huandikia tasnifu yake ni furushi la zipu lililobadilishwa jina. Vivyo hivyo kitabu cha EPUB, na vivyo hivyo faili la APK linalotumika kuweka programu katika simu za Android.

Usimbaji wa zipu ya awali ulikuwa dhaifu. Mwaka 1994 Eli Biham na Paul Kocher walionyesha kwamba mtu mwenye sehemu ndogo ya matini asilia iliyomo ndani ya furushi anaweza kuupata ufunguo bila kuijua nywila. Kuanzia mwaka 2003 programu za zipu zilianza kutumia usimbaji imara zaidi uitwao AES, ambao pia hutumiwa na 7z na RAR za sasa. Tatizo ni kwamba ule wa kale haujatoweka. Mfunguaji anayetazama kwa macho hawezi kutofautisha furushi la namna moja na la nyingine.

Kuna sifa moja ya zipu inayomfaa sana mtafiti mwangalifu, nayo ni kwamba nywila husimba yaliyomo lakini kwa kawaida haisimbi majina. Mtu asiye na nywila anaweza kulitazama furushi na kuona orodha ya mafaili yaliyomo, ujazo wa kila moja na tarehe yake. Katika RAR na 7z mfungashaji anaweza kuchagua kuyaficha hata majina. Kwa hiyo, furushi la RAR linalodai kuwa kamusi ya umma ya lugha ya Kibantu, na ambalo limeficha hata majina ya vilivyomo, limekwisha kusema jambo fulani juu ya aliyelifunga.

4.0 Nywila humficha nani?

Hapa ndipo penye kiini cha hoja yetu. Katika pragmatiki tunajifunza kwamba usemi wa siri hauelezeki bila kumtaja anayefichwa. Watoto wa pwani wanaozungumza kinyume, kwa kupindua silabi za maneno, hawafichani wao kwa wao. Wanamficha mtu mzima aliyesimama kando. Tukilichunguza furushi kwa jicho hilo, tutauliza: ikiwa nywila imeandikwa mahali palepale furushi lilipo, anayefichwa ni nani? Si msomaji, kwa maana amepewa ufunguo. Si mwizi, kwa maana naye ataisoma nywila hiyohiyo. Anayebaki nje ni mmoja tu, yaani programu ya kukinga virusi, ambayo hulikagua kila faili linaloingia lakini haiwezi kusoma kilichosimbwa.

Hili si dhana tupu. Mapema mwaka 2004 programu hasidi iliyoitwa Bagle ilianza kusambazwa kwa barua pepe ikiwa ndani ya zipu zenye nywila, na nywila ikaandikwa katika barua hiyohiyo. Watengenezaji wa kinga walipozifundisha programu zao kuisoma nywila katika matini ya barua, waandishi wa Bagle waliiandika nywila kwa njia ya picha, ambayo binadamu huisoma kwa urahisi ilhali mashine ya wakati ule ilishindwa. Mwaka 2020 programu hasidi ya Emotet ilitumia mbinu hiyo tena, kwa mafanikio makubwa. Nchini Japani, ambako ilikuwa desturi ya maofisi kutuma zipu yenye nywila na kisha kutuma nywila kwa barua pepe ya pili, waziri aliyehusika na mageuzi ya kidijitali, Takuya Hirai, alitangaza Novemba 2020 kwamba ofisi za serikali kuu zingeiacha desturi hiyo. Ilikuwa haimzuii mwenye uwezo wa kuzisoma barua zote mbili, na wakati huohuo ilikuwa inaizuia kinga.

Kwa upande mwingine, hifadhi za kitaaluma zinazoaminika hazina haja ya mbinu hiyo. Kongoo ya Kiswahili ya Helsinki, yenye takriban maneno milioni 25 katika toleo lake la pili, inatolewa kupitia Benki ya Lugha ya Ufini, na mahali ambapo masharti yanahitaji mtumiaji atambulike, hutambuliwa kwa akaunti yake kabla ya kupakua. Hali kadhalika, sarufi rejea ya Kibena iliyoandikwa na Michelle Morrison ikiwa tasnifu ya uzamivu ya mwaka 2011 imewekwa katika hifadhi ya Chuo Kikuu cha Rice, ikiwa faili la kawaida lisilo na kufuli lolote. Mtafiti wetu wa Igwachanya anayeikuta sarufi hiyohiyo mahali pengine, ikiwa ndani ya RAR yenye nywila, hana sababu ya kuichukua hiyo ya pili.

5.0 Mofolojia ya jina la faili

Jina la faili lina mofolojia yake. Lina shina, kisha nukta, kisha kiambishi tamati kinachoieleza mashine faili ni la aina gani. Katika Kiswahili, na katika lugha za Kibantu kwa jumla, ngeli ya nomino hubainishwa na kiambishi awali: 'mtoto', 'kitoto' na 'utoto' zina shina moja, na tofauti tunaisikia mwanzoni mwa neno. Jina la faili ni kinyume cha hayo. Kiambishi kinachotawala ni cha mwisho kabisa, na vingine vyote vinavyotangulia, hata vikiwa na nukta, ni sehemu ya shina tu. Faili liitwalo 'msamiati.pdf.exe' si PDF. Ni programu, nayo itatenda pindi itakapobofywa.

Mwaka 2000 mamilioni ya kompyuta duniani yaliathiriwa na faili liitwalo 'LOVE-LETTER-FOR-YOU.TXT.vbs'. Wengi walioliona waliishia kwenye TXT, kwa kuwa mfumo endeshi wa Windows ulikuwa ukikificha kiambishi cha mwisho inachokifahamu. Jambo la kusikitisha ni kwamba mpaka leo Windows huficha viambishi hivyo mpaka mtumiaji mwenyewe aagize vionyeshwe. Agizo hilo limo katika sehemu ya mwonekano ya dirisha la mafaili, na kulitekeleza huchukua chini ya dakika moja. Tungependa kila mwanafunzi wa uzamili alitekeleze kabla ya kwenda uwandani.

Ipo hila nyingine ambayo wanaohariri miswada ya tenzi kwa hati ya Kiarabu wataielewa upesi kuliko wengine. Mfumo wa Unikodi una alama isiyoonekana inayoiamuru kompyuta iyaonyeshe maandishi yanayofuata kutoka kulia kwenda kushoto. Alama hiyo iliwekwa kwa manufaa ya hati kama za Kiarabu na Kiebrania, na sisi tunaoandika Kiswahili cha kale tunaihitaji. Mhalifu huichomeka katikati ya jina la faili. Jina ambalo kwa kweli ni 'Kibena', kisha alama hiyo, kisha 'fdp.exe', huonekana machoni kuwa 'Kibenaexe.pdf'. Kiambishi halisi ni exe, ila kimepinduliwa kikakaa katikati. Ni kinyume cha watoto kilekile, safari hii kikitumiwa dhidi ya msomaji. Kinga yake ni kutoamini jina pekee, bali kutazama pia safu ya aina ya faili katika orodha, ambapo mfumo wenyewe hutaja kwamba hiyo ni programu.

Viambishi vya kuogopwa ndani ya furushi linalodai kuwa la vitabu au data ni exe, scr, bat, vbs, js na lnk, na kwa simu ni apk. Kamusi haihitaji hata kimoja kati ya hivyo. Vilevile docm na xlsm, ambavyo ni hati zenye programu ndogo ndani yake, vitazamwe kwa shaka.

6.0 Utaratibu wa kulifungua

Tuseme sasa kwamba mtafiti ameridhika kuwa furushi linatoka kwa mtu anayemfahamu, mathalani mtafiti mwenzake aliyemtumia rekodi. Hata hapo utaratibu unahitajika. Kwanza kabisa data yake mwenyewe iwe na nakala katika diski ya nje, na diski hiyo iwe imechomolewa. Tunaliweka hili mbele ya mengine yote kwa sababu programu hasidi zinazodai fidia husimba kila kinachofikika, pamoja na diski zilizochomekwa. Hatua zitakazofuata zikishindwa zote, masimulizi ya wazee wa Wanging'ombe yatakuwa yamebaki salama.

Pili, programu ya kufungulia iwe mpya. Mwaka 2019 ilifichuliwa kwamba WinRAR ilikuwa na kasoro iliyodumu kwa zaidi ya miaka kumi na tano, iliyomwezesha mhalifu kuliweka faili mahali asipopachagua mfunguaji. Mwaka 2023 ilionekana kasoro nyingine iliyokuwa ikitumiwa na wahalifu kwa miezi kadhaa. Mtu alibofya picha au hati ndani ya furushi, kumbe kilichofunguliwa ni programu. Toleo la 6.23, la Agosti mwaka huo, liliiziba. WinRAR haijisasishi yenyewe, na katika kompyuta nyingi tulizoziona za wanafunzi mna matoleo ya kale yaliyorithiwa kutoka flashi hadi flashi. Ukitazama gharama ya bando, desturi hiyo inaeleweka. Lakini toleo jipya la programu ya aina hii lina megabaiti chache tu, pungufu ya wimbo mmoja au miwili.

Baada ya hapo furushi lifunguliwe katika kabrasha jipya, na kamwe mafaili yasibofywe yakiwa bado ndani ya dirisha la furushi. Mara tu yanapotoka, usimbaji umekwisha, na programu ya kukinga virusi inaweza kuyasoma. Ndipo liagizwe kabrasha lote likaguliwe, kabla ya kufungua hata faili moja. Watu wengi hulikagua furushi likiwa bado limefungwa, na wakipewa jibu kwamba halina kasoro hudhani limepimwa. Jibu hilo halina maana, kwa sababu mkaguzi alisimama nje ya mlango.

Windows huliwekea faili lililopakuliwa alama kuonyesha kwamba limetoka katika intaneti, na tangu mwaka 2022 programu za ofisi za Microsoft hutumia alama hiyo kuzizuia programu ndogo zilizomo katika hati. Si kila kifungulio kinachoihamisha alama hiyo kutoka kwenye furushi hadi kwenye vilivyomo. 7-Zip ilipata uwezo huo mwaka 2022, na hata hivyo ni sharti mtumiaji auwashe. Asipouwasha, hati inayotoka katika furushi huhesabiwa kama iliyoandikwa papo hapo nyumbani.

Mwenye shaka iliyobaki anaweza kulifungua furushi ndani ya kompyuta dhahania, ambayo hufutwa baada ya kazi. Kwa kompyuta za uwandani zenye kumbukumbu ndogo ushauri huo ni mzito, na hatupendi kuujifanyia wepesi. Njia nyepesi zaidi ni kulipeleka faili katika huduma ya VirusTotal, ambayo hulipima kwa makumi ya programu za kinga kwa mara moja. Hapa pana tahadhari inayosahauliwa. Kinachopelekwa huko huweza kupatikana kwa watu wengine wanaoitumia huduma hiyo, kwa hiyo rekodi za wasailiwa zisipelekwe hata kidogo. Badala yake mtafiti anaweza kukokotoa alama ya utambulisho ya SHA-256, mfuatano wa tarakimu na herufi 64, akaitafuta hiyo badala ya faili lenyewe. Alama hiyo pia humsaidia kuthibitisha kwamba alichopokea ndicho alichotuma mwenzake. Wasomeane kwa simu herufi kumi za mwanzo na kumi za mwisho, yatosha.

Kuhusu furushi ambalo nywila yake haijulikani, tunashauri liachwe. Programu zinazotangazwa kuwa zinavunja nywila mara nyingi ndizo zenye hasidi. Zaidi ya hayo, Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kuingia katika data ya mtu bila idhini, na mahakama haitauliza kama lengo lilikuwa kamusi.

7.0 Mtafiti anapokuwa mfungashaji

Tumekuwa tukimzungumzia mtafiti kama mpokeaji. Ila naye hutuma. Rekodi za Kibena zina majina ya watu, vijiji vyao, magonjwa yao, wakati mwingine ugomvi wa mashamba. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 1, 2023, inamtaka anayekusanya taarifa za namna hiyo azilinde. Kwa hiyo mtafiti wa Igwachanya anayemtumia msimamizi wake rekodi hizo ana wajibu wa kuzisimba. Atumie umbo la 7z, au zipu iliyochaguliwa AES, na katika 7z achague pia kuyaficha majina, maana jina la faili kama vile la mzee fulani wa kijiji fulani ni taarifa binafsi tayari. Nywila iwe ndefu. Maneno manne au matano yasiyohusiana yanatosha, nasi tunaopenda methali tujihadhari, kwa sababu methali inayojulikana na kila mtu si nywila. Isitumwe kwa njia ileile iliyobeba furushi. Ikiwa furushi limekwenda kwa barua pepe, nywila isomwe kwa simu, kwa sauti.

Usimbaji wa AES hauna mlango wa nyuma. Mtafiti akiisahau nywila, au akifariki dunia, rekodi zimekwenda pamoja naye, na hakuna fundi wa Njombe wala wa Dar es Salaam atakayezirudisha. Kwa sababu hiyo nywila iandikwe kwa mkono katika karatasi, itiwe katika bahasha iliyofungwa, na bahasha hiyo iwekwe katika ofisi ya idara pamoja na jalada la mwanafunzi, mbali na kompyuta inayoifungua. Juu ya bahasha iandikwe jina la utafiti, tarehe ya kufungasha, na jina la programu na toleo lililotumika, ili atakayeifungua baada ya miaka ishirini ajue atafute chombo gani.